Stashahada ya Gitega, Majina ya Nyamata

Mzee Cosmas hakuwa na mali ya kumrithisha binti yake. Alikuwa na imani moja tu, kwamba cheti chenye mhuri wa shule kitamwokoa siku wauaji watakapopiga hodi. Cheti kilipatikana, ila si Rwanda alikozaliwa binti huyo. Kilipatikana Gitega, katikati ya Burundi, katika shule ya ustawi wa jamii, na aliyekipokea alikuwa mkimbizi aliyevuka mpaka kwa miguu mwaka 1973, akiwa na umri wa miaka 16. Jina lake ni Scholastique Mukasonga. Leo hii ni miongoni mwa waandishi wanaosomwa sana katika Afrika inayoandika Kifaransa, na mwaka 2018 alitoa kitabu kizima kuhusu stashahada hiyo na safari iliyomfikisha nayo Djibouti, kisha Ufaransa. Kinaitwa Un si beau diplôme!

Mgeni anayefika Gitega siku hizi hupelekwa kwanza Gishora, nje kidogo ya mji, kutazama ngoma za kifalme, ambazo uchezaji wake uliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika mwaka 2014. Akipata muda atapitishwa Makumbusho ya Taifa, yaliyoanzishwa mwaka 1955, mahali pa vikapu, mikuki na picha za wafalme. Tangu mwaka 2019 mji huu ndio makao makuu ya kisiasa ya Burundi, na majengo ya serikali yanaongezeka. Habari za msichana wa Nyamata aliyesoma hapa hazimo katika ziara hiyo. Hazimo pia habari za watu waliouawa hapa mwaka mmoja tu kabla hajafika, na hao ndio wanaoifanya hadithi yake kuwa nzito kuliko inavyoonekana kwa juu.

Tuanze na Nyamata. Mukasonga alizaliwa mwaka 1956 katika eneo la Gikongoro, kusini mwa Rwanda. Mwaka 1960, baada ya ghasia za mwaka uliotangulia, familia yake na Watutsi wengine wengi walipakiwa kwenye malori wakamwagwa Nyamata, katika Bugesera, mbuga kavu iliyojaa mbung'o na wanyama wakali, karibu na mpaka wa Burundi. Hapo ndipo alipokulia. Kambi ya jeshi ya Gako haikuwa mbali, na askari waliingia majumbani walivyotaka, usiku na mchana. Mama yake, Stefania, alijenga nyumba ya msonge kama alizozizoea, akapanda mtama, na kila siku akatafuta maficho mapya ya watoto wake: mashimo, vichaka, njia za kukimbilia Burundi. Aliwafanyisha mazoezi ya kukimbia kama vile mama mwingine anavyowafundisha wanawe kuteka maji.

Watoto wale walijua kwamba wangeuawa. Hawakujua lini.

Shuleni hali ilikuwa ile ile kwa sura nyingine. Watutsi walitengewa asilimia 10 ya nafasi za sekondari, na Mukasonga aliponyakua moja katika shule ya wasichana ya Notre-Dame de Cîteaux mjini Kigali, wenzake walimfanya shabaha ya matusi na manyanyaso ya kila siku. Ameeleza jinsi alivyosoma usiku chooni, kwa kuwa ndiko alikopata mwanga na utulivu. Kutoka Kigali alikwenda Butare kusomea ustawi wa jamii. Mwaka 1973 wanafunzi wa Kitutsi wakafukuzwa mashuleni na wafanyakazi wa Kitutsi makazini. Nyumbani, wazazi walifanya uamuzi ambao mzazi yeyote angeomba usimfike: wachaguliwe watoto wawili waende, ili ukoo usizimike wote. Walichaguliwa Scholastique na kaka yake André, kwa sababu wote wawili walikuwa wamesoma na walijua Kifaransa, lugha ambayo ingewapatia riziki ugenini.

Walifika katika nchi iliyokuwa ikinuka damu. Mwaka mmoja kabla, Machi 1972, mfalme wa mwisho wa Burundi, Ntare wa Tano, alirejea kutoka uhamishoni akipitia Uganda, akakamatwa na kuwekwa kizuizini Gitega. Usiku wa Aprili 29 aliuawa hapo hapo, akiwa na miaka 24. Siku hiyo hiyo waasi wa Kihutu walishambulia kusini mwa nchi, upande wa Rumonge na Nyanza-Lac, wakaua watu wengi, wengi wao Watutsi. Serikali ya Rais Michel Micombero ilijibu kwa msako wa nchi nzima uliodumu miezi. Warundi wanauita ikiza. Makadirio ya waliouawa yanaanzia 100,000 na kufika 300,000, na msako huo ulikuwa na namna yake ya kuchagua. Waliotafutwa kwanza ni Wahutu waliosoma: walimu, makarani, wauguzi, wanajeshi, mapadri, wanafunzi wa chuo kikuu na wa sekondari. Majina yalisomwa darasani, walioitwa wakapanda lori, na hawakurudi.

Hapo ndipo imani ya Mzee Cosmas inapopata kivuli. Karatasi aliyoiamini kuwa ngao ya binti yake ilikuwa, katika mji ule ule na miezi michache tu nyuma, hukumu ya kifo kwa mtoto wa jirani. Stashahada ilimwokoa Mtutsi wa Nyamata na kumpoteza Mhutu wa Gitega. Katika madawati ya shule za Burundi ya mwaka 1973 palikuwa na nafasi wazi nyingi, na kila aliyekaa hapo, mwenyeji au mkimbizi, alikaa karibu na kiti cha mtu asiyetajwa. Kosa hilo si la msichana wa miaka 16 aliyekimbia kifo chake mwenyewe. Lakini msomaji anayetaka kuuelewa ukanda huu wa Maziwa Makuu hana budi kuzishika habari zote mbili kwa pamoja, na wengi wetu tumezoea kuichagua moja.

Burundi yenyewe ilichukua karibu nusu karne kabla ya kufukua. Waliofiwa mwaka 1972 hawakuruhusiwa kuomboleza hadharani, na wajane walilea watoto bila kuwaambia baba alikwenda wapi. Tume ya Ukweli na Maridhiano ilianzishwa kwa sheria ya mwaka 2014. Mwanzoni mwa 2020, chini ya uenyekiti wa Pierre-Claver Ndayicariye, ilifukua makaburi sita ya halaiki katika bonde la mto Ruvubu, mkoani Karusi, jirani na Gitega, ikatangaza kupata mabaki ya watu zaidi ya 6,000. Pamoja na mifupa zilitoka risasi, nguo, miwani na rozari. Masimulizi yaliyokusanywa yanataja malori yaliyowaleta watu kutoka Gitega hadi ukingo wa mto. Desemba 2021 Tume ikatangaza kwamba yaliyotendeka mwaka 1972 yalikuwa mauaji ya kimbari dhidi ya Wahutu.

Tume hiyo imelaumiwa kwa kuelemea upande mmoja, na lawama hiyo haiwezi kutupwa hivi hivi. Katika mkoa huo huo wa Gitega kuna Kibimba. Oktoba 21, 1993, siku Rais Melchior Ndadaye alipouawa na wanajeshi, wanafunzi wa Kitutsi wa shule ya sekondari ya Kibimba pamoja na baadhi ya walimu wao walifungiwa katika jengo la kituo cha mafuta, likachomwa moto. Mnara wa kumbukumbu umesimama kando ya barabara kuu, na kila basi linalotoka Bujumbura kwenda Gitega linaupita. Kwa miaka mingi wahanga wa 1993 walikuwa na mnara huku wale wa 1972 hawana hata msalaba. Sasa mizani inaelekea kupinduka, na kupinduka si kusawazika. Jamaa wa waliokufa wanajua hilo vizuri kuliko wanasiasa.

Mukasonga alimaliza masomo, akapata stashahada, akafanya kazi na UNICEF nchini Burundi, akaolewa na Mfaransa. Mwaka 1992 familia ilihamia Ufaransa, mkoa wa Normandy. Huko karatasi ya Gitega haikutambuliwa. Mama mwenye watoto alirudi darasani kusomea upya kazi aliyokwisha kuifanya kwa miaka. Mwaka huo huo wa 1992, Bugesera iliwaka tena, na Mwitalia mmoja aliyeishi Nyamata kwa miaka mingi, Antonia Locatelli, aliuawa kwa risasi baada ya kuvieleza vyombo vya habari vya kigeni yaliyokuwa yakitendeka. Kilichofuata Aprili 1994, mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, kinajulikana. Katika kanisa la Nyamata peke yake walikufa watu wapatao 10,000. Mukasonga alipoteza ndugu 37, akiwemo Stefania na karibu wote waliobaki katika ule ukoo uliotaka usizimike.

Hakurudi Rwanda hadi 2004. Miaka kumi. Katika miaka hiyo alifanya jambo lisilo na sura ya sanaa hata kidogo: alifungua daftari la shule akaandika majina. Usiku, familia ikiwa imelala, aliwaorodhesha wazazi, ndugu, wapwa, majirani wa kijijini, kwa hofu ya kwamba akisahau mmoja, hatakuwapo tena mtu wa kumkumbuka. Orodha ikaanza kudai maelezo. Huyu alikuwa nani, alilima nini, nyumba yake ilikuwa upande gani wa njia? Mwaka 2006 maelezo hayo yalitolewa na wachapishaji Gallimard kama kitabu, Inyenzi ou les Cafards. Alikuwa amekaribia miaka 50.

Kuchelewa huku hakumhusu yeye peke yake. Watu walioumizwa utotoni mara nyingi hufikia umri wa makamo kabla hawajaweza kuyasema, iwe waliumizwa na jeshi au na mtu wa nyumbani mwao. Mchongaji na mchoraji Niki de Saint Phalle alikuwa na zaidi ya miaka 60 alipochapisha, mwaka 1994, kitabu kidogo kinachoeleza kwamba baba yake alimnajisi akiwa na miaka 11. Nyuma yake kulikuwa na zaidi ya miongo mitatu ya kazi, zikiwemo picha za plasta zenye vifuko vya rangi alizozipiga risasi kwa bunduki mwanzoni mwa miaka ya 1960. Mikono ilikuwa imesema mapema.

Hata hivyo, kumbukumbu si sanduku lililofungwa ambalo msanii hulifungua akakuta kila kitu mahali pake. Mwaka 1995 mwanasaikolojia Elizabeth Loftus na mwenzake walionyesha, katika jaribio lililojadiliwa sana, kwamba takriban mtu mmoja kati ya wanne aliweza kuaminishwa, kwa ukamilifu au kwa sehemu, kwamba aliwahi kupotea dukani utotoni, jambo ambalo halikutokea. Watetezi wa watuhumiwa wamelitumia jaribio hilo kupita mpaka, na wahanga wa kweli wameumia kwa sababu yake. Lakini linatusaidia kuona kwa nini njia ya Mukasonga ni imara. Hakuanza na hisia, alianza na orodha inayoweza kuhakikiwa. Kisha akaenda kutazama kwa macho yake pale nyumba zilipokuwa, akakuta vichaka.

Kitabu cha pili, La femme aux pieds nus cha mwaka 2008, ndicho ningempa msomaji aanze nacho. Kinamhusu Stefania. Mama huyo aliwausia mabinti zake kwamba akifa wamfunike mwili kwa kitambaa chake, kwani haifai mtu mwingine auone. Mwaka 1994 binti aliyesalia alikuwa Normandy. Hakuna aliyemfunika, na kitabu kimeandikwa kuifanya kazi hiyo. Ajabu yake ni kwamba hakijai mapanga. Kimejaa mtama, dawa za mitishamba, mkate wa kwanza kuonjwa kijijini, nywele, posa, ngano za jioni. Mwandishi anajua kwamba aliyeua alikusudia kufuta hayo yote, basi anayarudisha moja baada ya jingine.

Na ndani ya kitabu hicho kuna sura inayogusa jambo ambalo hata katika familia zetu hufunikwa kwa haraka. Msichana wa kijiji anabakwa na vijana wa chama tawala. Mila iliyozoeleka ingemtenga, kana kwamba uchafu uliofanywa na wengine umekuwa wake. Wanawake wa Nyamata wakakaa kikao. Hawa ni watu waliokwisha kunyang'anywa ardhi, ng'ombe na usalama, na bado wakaona mila ile imewashinda na haifai. Wakaamua kwamba msichana asafishwe kwa maji, arudishwe kundini. Ukitafuta mahali ambapo jeraha la taifa na jeraha la mtoto mmoja vinakutana, ni hapo, na waliolishughulikia hawakuwa mahakama wala daktari. Sisemi kwamba kikao kinatosha. Mbakaji wa sura hiyo hakufikishwa popote. Lakini walau aibu ilihamishwa kutoka kwa asiyestahili kuibeba.

Mwaka 2012 riwaya yake ya kwanza, Notre-Dame du Nil, iliyowekwa katika shule ya wasichana mlimani, ilipata tuzo ya fasihi ya Renaudot nchini Ufaransa bila hata kuwamo katika orodha ya mwisho ya wagombea. Miaka kumi na miwili baadaye, mwaka 2024, tuzo hiyo hiyo ilikwenda kwa Gaël Faye, mzaliwa wa Bujumbura, kwa riwaya yake Jacaranda. Yaani waandishi wawili wa Renaudot wamepitia Burundi, mmoja kama mkimbizi wa Gitega na mwingine kama mtoto aliyekimbia mwaka 1995 kwenda Ufaransa.

Faye, aliyezaliwa 1982 kwa baba Mfaransa na mama Mnyarwanda, alianza na muziki. Mwaka 2016 akatoa Petit Pays, iliyotafsiriwa katika lugha zipatazo 40. Wengi wanaikumbuka kwa maembe ya wizi na urafiki wa vijana wa mtaani. Kiini chake kiko mwishoni, pale mvulana anaposukumwa na wakubwa kutenda unyama kwa mkono wake mwenyewe. Ni aina ya ukatili dhidi ya mtoto ambayo haionekani mwilini: kumfanya mshiriki, kisha kumwachia abaki na siri. Yupo pia msanii Serge Alain Nitegeka, mzaliwa wa Burundi mwaka 1983, aliyekimbia vita vya Rwanda kwenda Goma akiwa na miaka 11 na hatimaye akatua Johannesburg. Yeye hachori vita. Anajaza kumbi kwa mbao za masanduku ya mizigo na nguzo nyeusi zilizopishana, mtazamaji akalazimika kuinama, kujipinda na kuomba njia.

Turudi kwenye mto wa makaburi yale ya 1972. Ruvubu ukiondoka Karusi unaelekea kaskazini-mashariki, unapita eneo la Muyinga na hifadhi iliyopewa jina la mto, kisha unaingia Tanzania. Hifadhi hiyo nayo ina historia. Mwaka 2006 watu waliokamatwa mkoani Muyinga kwa tuhuma za kuwasaidia waasi waliuawa na wanajeshi na kutupwa mtoni. Mwaka 2008 mahakama ya kijeshi iliwatia hatiani wanajeshi kadhaa, jambo la nadra nchini. Karibu na maporomoko ya Rusumo, Ruvubu unakutana na maji yanayotoka Nyabarongo, mto wa Bugesera ya akina Mukasonga, na kwa pamoja yanakuwa Kagera. Mwaka 1994 Kagera ndiyo iliyobeba maiti hadi Ziwa Viktoria. Ramani haijui kabila.

Muyinga mjini, hata hivyo, kuna jengo linalostahili safari. Ni maktaba iliyokamilika mwaka 2012, iliyosanifiwa na BC Architects wa Brussels pamoja na shirika la wenyeji, ODEDIM, ikiwa hatua ya kwanza ya shule ya watoto viziwi. Kuta ni matofali ya udongo ulioshindiliwa, paa limebebwa na mikaratusi, na mbele yake kuna baraza ndefu kama za nyumba za Burundi. Ndani, juu ya rafu, umetandikwa wavu mkubwa wa kamba za mkonge. Watoto hupanda wakalala juu yake wakisoma. Kwa mtoto asiyesikia katika nchi ambayo historia yake imepokezwa kwa kunong'onezana, kitabu si anasa. Minong'ono haimfikii.

Roland Rugero, mwandishi Mrundi aliyezaliwa 1986, aliliona jambo kama hilo kutoka upande mwingine. Shujaa wa riwaya yake Baho!, ya mwaka 2012, ni kijana bubu. Anamfanyia msichana ishara za mikono kuuliza mahali pa kujisaidia. Msichana, aliyelelewa katika miaka ya vita na ubakaji, anadhani anataka kumdhuru, anapiga kelele, na umati unataka kumnyonga. Hofu ya msichana ni ya kweli. Kijana hana kosa. Rugero hamdhihaki hata mmoja wao. Tafsiri ya Kiingereza ilitoka 2016, ya kwanza kwa riwaya ya Mrundi.

Vitabu vyote hivi viliandikwa kwa Kifaransa, na vingi vilichapishwa Paris. Haiondoi thamani yake, ila inaamua nani atavisoma. Aliyekuwa na miaka 10 mwaka 1972 sasa amevuka 60. Wengi wa rika hilo hawakuvuka shule ya msingi, wengine kwa sababu baba mwenye karo alichukuliwa na lori. Wanasimulia kwa Kirundi, na baadhi yao, Buyenzi mjini Bujumbura na katika mitaa ya Waislamu ya Muyinga, kwa Kiswahili. Mjukuu mwenye simu ya mkononi ana kinasa sauti mfukoni, na Mukasonga mwenyewe alianza na daftari la shule.